Kubadilisha maji ya tangi la samaki bila kuwaua

Mi samaki wangu wa kwanza niliwaua kwa usafi. Niliwahamishia kwenye ndoo, nikamwaga maji yote, changarawe nikaiosha mpaka inang'aa, sponji ya filta nikaikamua chini ya bomba, nikajaza maji mapya. Tangi likapendeza kweli! Siku ya tatu wote wako juu juu wanahema, na wiki haikuisha nikawa nimetoa wanne.

Kumbe kwenye ile sponji na changarawe ndo wanapoishi bakteria wanaogeuza amonia (sumu inayotoka kwenye taka za samaki) kuwa nitriti, nayo ni sumu, alafu nitrati, ambayo haina ukali sana, na mimi nilikua nimewafagia wote siku moja. Kwa hiyo toa robo tu ya maji kila wiki, na wiki unayosafisha filta changarawe iache.

Kabla hujatia mkono ndani chomoa umeme wote. Hita ichomoe kama dakika 15 kabla, maana maji yakishuka ikabaki nje ikiwa bado ya moto kioo chake kinaweza kupasuka, na hapo si mchezo.

Mpira wa kutolea maji usiuvute kwa mdomo jamani, utayanywa. Uzamishe wote ujae maji, ziba ncha moja kwa kidole gumba, ishushe kwenye ndoo iliyo chini ya tangi, achia. Ile ncha nyingine ichomeke kwenye changarawe uone uchafu wa kahawia unavyopanda kama moshi, yakianza kupita maji meupe sogea pembeni. Kama una mchubuko mkononi vaa glavu, kuna bakteria wa kwenye matangi akiingia hapo kidonda kinaweza kukusumbua miezi.

Yale maji machafu usiyamwage kwanza, kamulia sponji humo humo mara mbili tatu basi, ikibaki na rangi rangi poa tu. Sabuni marufuku, na ndoo ya samaki isifuliwe nguo.

Maji mapya ya bomba yana klorini, ile dawa ya kuua vijidudu, na samaki inawaua. Ukiyalaza siku nzima kwenye ndoo wazi inapungua, ila kuna sehemu wanaweka klorameni (klorini iliyochanganywa na amonia) na hiyo hailali ikaisha, so mi natia tu dawa ya kuondoa klorini kila mara. Joto lipime kwa kipimajoto, lisipishane na la tangi zaidi ya digrii moja mbili, alafu mimina taratibu juu ya sahani ili changarawe isitibuke.

Bwawa la nje ni hivo hivo, tope lote usilitoe, na ukifungulia bomba kujaza usiende kuangalia mechi ukasahau, klorini ya maji ya saa nzima inatosha kumaliza bwawa zima.

Hita irudishe kwenye umeme maji yakishaifunika tu.