Jinsi ya kuanza kumwangalia Krystyna Janda

Kama hujawahi kugusa muvi za Poland usianze na orodha ndefu, mshike huyu mama mmoja tu, Krystyna Janda. Kazaliwa 1952 na miaka yote ameigiza sinema, tivii na jukwaani. Tafuta kwa majina ya Kipolandi hayahaya nayoandika hapa, na hakikisha kuna maandishi ya lugha unayoijua chini.

Anza na Człowiek z marmuru (1977) ya mwongozaji Andrzej Wajda, ndiyo iliyomtoa. Ni ndefu, inavuka masaa mawili na nusu, kwahiyo igawe siku mbili kama una haraka zako. Anacheza Agnieszka, binti anayesomea filamu, anamtafuta mwashi aliyeimbwa kama shujaa wa ujenzi enzi za miaka ya 50 halafu serikali ikamfuta kabisa, na wakubwa wa tivii hawataki achimbe. We mwangalie anavyotembea tu, hatua ndefu, sigara mkononi, utadhani korido zote za jengo lile ni zake.

Ikiisha unganisha na Człowiek z żelaza (1981), Agnieszka yuleyule ila sasa tuko kwenye mgomo wa kiwanda cha kutengeneza meli cha Gdańsk. Ilichukua Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes.

Halafu Przesłuchanie. Hii usiiangalie ukiwa umechoka, na usiweke na watoto. Anaigiza Tonia, mwimbaji wa klabu, anakamatwa 1951 bila kuambiwa kosa, wanamtesa, wanamdanganya, wanataka asaini uongo kumhusu mtu anayemfahamu, na yeye hasaini. Ongeza sauti, maana hapa koo lake linafanya kazi kuliko uso, anaanza anacheka cheka mlevi mlevi na mwishoni sauti ni ya mtu mwingine kabisa. Serikali iliifungia, watu wakawa wanapeana kanda za video kwa siri mpaka 1989 ilipoachiwa, na 1990 Cannes wakampa tuzo ya mwigizaji bora wa kike. Kwangu hakuna kazi yake inayoifikia.

Ukitaka kitu kifupi, Dekalog, mfululizo wa mwongozaji Kieślowski, ilitengenezwa kwa ajili ya tivii, nenda sehemu ya pili ambayo Janda yumo, inachukua kama saa moja hivi.

Tatarak (2009) iweke mwisho, tafadhali usiirushe foleni. Humo ndani, katikati ya hadithi nyingine, Janda anakaa chumbani na kusimulia kwa mdomo wake siku za mwisho za mume wake, Edward Kłosiński, aliyefariki 2008. Huyo Kłosiński ndiye alikuwa mpiga picha wa Człowiek z marmuru. Ukishajua hilo rudi kwenye ile ya kwanza, dakika kumi tu zinatosha, umwangalie tena yule binti anavyokatiza korido, na safari hii kumbuka nani yuko nyuma ya kamera.