Kusoma Vipimo vya Kingamwili vya Mtoto Anayeugua Kila Mara

Mtoto mdogo kupata mafua mara sita au nane kwa mwaka si ajabu, hasa akiwa na ndugu wanaotoka chuoni na shuleni. Linalopaswa kumhangaisha mzazi ni nimonia iliyorudi mara mbili katika mwaka mmoja, masikio yanayotoa usaha bila kukoma, au dawa za kuua bakteria zinazotumiwa kwa wiki nyingi huku uzito wa mtoto ukibaki palepale. Hapa Lamu wapo watakaosema ni kijicho. Anayetaka kumsomea mtoto dua na amsomee, lakini aendapo kwa daktari asisahau kijitabu cha kliniki, kwa sababu mstari wa uzito na tarehe za chanjo zilizomo vitahitajika katika kufasiri majibu.

Daktari kwa kawaida huanza na hesabu kamili ya damu na kipimo cha virusi vya Ukimwi. Kwa mtoto aliye chini ya miezi 18, kipimo hicho cha pili huhitaji kutafuta virusi vyenyewe, kwani kingamwili zinazoonekana zinaweza kuwa za mama. Katika hesabu ya damu, itazamwe idadi ya limfosaiti, yaani aina ya chembe nyeupe za damu zinazopigana na maradhi: mtoto wa chini ya mwaka mmoja huwa nazo zaidi ya 3,000 kwa kila maikrolita, ilhali karatasi nyingi za maabara huchapisha viwango vya watu wazima, hivyo 1,500 huweza kupita kana kwamba ni sawa.

Ndipo hufuata kupima imunoglobulini, yaani kingamwili zenyewe, ambazo aina zake ni IgG, IgA na IgM, na hapa ndipo wazazi wengi huogopa bure au hutulia bure. IgG ya mama huvuka kondo la nyuma, zaidi katika miezi mitatu ya mwisho ya mimba, kisha hupungua baada ya kuzaliwa huku mwili wa mtoto ukiwa bado haujatengeneza zake za kutosha. Kwa hiyo mtu mzima huwa na takriban gramu 7 hadi 16 za IgG kwa lita, lakini mtoto mwenye afya njema wa miezi minne anaweza kuwa na gramu 3 tu. Mzazi aulize kiwango cha umri wa mwanawe, na aangalie pia kizio cha kipimo kilichotumika, maana gramu 1 kwa lita ni sawa na miligramu 100 kwa desilita. IgA huchelewa zaidi kupanda, na upungufu wake hauthibitishwi kabla ya miaka minne.

Kiwango pekee hakitoshi. Kazi ya kingamwili hupimwa kwa kuangalia kama chanjo, mfano ya pepopunda, imezalisha kingamwili zake. Zikiwa chache, chanjo hurudiwa na damu kupimwa tena baada ya wiki nne hivi. Kwa maoni yangu hiki ndicho kipimo chenye maana kubwa kuliko vyote, nacho husahaulika mara nyingi.

Chembe B, yaani limfosaiti ambazo ndizo asili ya kutengenezwa kingamwili, nazo zikitakiwa kuhesabiwa, damu lazima ifike maabara ingali mbichi. Kabla mtoto hajachomwa sindano, muulize mhudumu sampuli itasafirishwa wapi na kwa muda gani, na uepuke kutolewa damu Ijumaa jioni, kwani kuvuka bahari hadi Mokowe, upande wa bara, na safari ya Mombasa huchukua saa nyingi. Sampuli itolewe pia kabla ya kuongezwa damu au kingamwili za wachangiaji.

Mvulana asiye na chembe B kabisa, ambaye aghalabu huwa hana findo za koo na huanza kuugua baada ya miezi sita, hushukiwa ugonjwa uliotambuliwa na daktari Mmarekani Ogden Bruton mwaka 1952. Ugonjwa huo hurithiwa kupitia upande wa mama, hivyo mjomba aliyefariki utotoni kwa nimonia atajwe. Tiba ni kupewa IgG, mara nyingi kila baada ya wiki tatu au nne kwa njia ya mshipa. Wapo watoto wengine ambao upungufu wao wa kingamwili ni wa muda tu. Hao hupimwa tena baada ya miezi kadhaa. Hadi jambo lijulikane, mhudumu wa chanjo aarifiwe kabla ya mtoto kupewa chanjo yoyote yenye vijidudu hai, kama vile BCG ya kifua kikuu au matone ya polio.