Jinsi ya kuandika maisha ya Idi Amin yakaeleweka

Kama umepewa kazi ya kuandika kuhusu Idi Amin usianze na mapinduzi jamani, wengi ndo wanakosea hapo. Anza jeshini. Aliingia King's African Rifles, jeshi la wakoloni Waingereza Afrika Mashariki, mwaka 1946 kama msaidizi wa mpishi, akapanda vyeo, na kwenye ngumi alikuwa bingwa wa Uganda miaka mingi, yani hapo ndo unaona kwa nini askari walimkubali, na Kiswahili ndo kilikuwa lugha ya kambini.

Mwaka wa kuzaliwa vyanzo vinapishana, taja yote, 1925 na 1928.

Halafu nenda 25 Januari 1971, siku alipompindua Rais Milton Obote. Eleza kwamba Obote alikuwa Singapore kwenye mkutano wa Jumuiya ya Madola, maana bila hiyo msomaji haelewi ilikuwaje rahisi vile. 1972 Waasia wakapewa siku 90 waondoke, hapa usipite haraka, andika maduka na viwanda vilienda kwa nani na uchumi ukaangukaje. Na waliouawa wape nafasi yao, tafadhali, usimalizie na vituko vyake tu, inaniuma sana nikiona watu wanafanya hivyo.

Vita ya Kagera waulize wazee wa Bukoba kama unao karibu, walishuhudia. Majeshi ya Amin yalivamia Tanzania Oktoba 1978, Kampala ikaanguka Aprili 1979, akakimbilia Libya, baadae Saudi Arabia, akafia Jeddah 2003.