Kwenda likizo Tukuyu na watoto wasiochapwa

Piga simu kabla hujakata tiketi. Usingoje mpaka mmeshuka uwanja wa ndege wa Songwe na mabegi, bibi ameshawapokea kwa vigelegele, ndipo uanze kumweleza kwamba wajukuu hawa hawachapwi. Mwambie kwa heshima: "Mama, mimi ulinichapa na sina kinyongo. Hawa nawalea bila fimbo, naomba unisaidie." Mzee akiombwa msaada hajioni kama anashtakiwa.

Mweleze pia sheria ya mnakoishi. Uswidi ilipiga marufuku kuchapa watoto, hata nyumbani, mwaka 1979; Uskoti ikafuata 2020, Wales 2022. Mwalimu wa Uswidi akisikia mtoto anasimulia kuwa kachapwa, sheria inamtaka atoe taarifa ustawi wa jamii. Kwetu Tanzania kanuni za shule bado zinaruhusu viboko visivyozidi vinne, kwa hiyo ukiwapeleka tuisheni, ongea na mwalimu mapema.

Hofu kubwa ya bibi ni kwamba bila fimbo hakuna adabu. Hiyo haiishi kwa maneno, lazima aone. Likizo iliyopita mwanangu wa miaka saba alifungua banda la ndama jioni. Ndama akanyonya mpaka akashiba. Tulipokwenda kukamua tukapata nusu kikombe. Mama alikuwa ameshakata fito ya mpera. Nikamwomba aniachie. Nikachuchumaa mbele ya mtoto, nikamwambia taratibu: "Kesho wote tunakunywa chai ya rangi, kwa sababu uliacha banda wazi. Mwombe bibi msamaha." Alilia kuliko ambavyo angelia kwa fimbo. Asubuhi, ukungu bado umetanda migombani, aliongozana na bibi kukata matete ya ng'ombe, akarudi na kamzigo kake kichwani. Tangu siku hiyo kufunga banda ikawa kazi yake, na kila jioni alilivuta lile komeo mara mbili kuhakikisha.

Ukali wa sauti na matusi navyo viache. Mtoto anayeitwa mjinga mbele za watu ameumizwa vilevile.

Pagumu kabisa ni kwa binamu zao. Wamekosa pamoja, wa kwako anapewa kazi, wa dada yako anachapwa: hapo umepanda chuki baina ya watoto. Kaa na dada yako na wifi zako siku ya kwanza, mkubaliane kwamba kwa wiki hizo wakikosa pamoja, wote watakwenda kukata matete.