Jinsi ya kusoma barua za viongozi wa Marekani wakati wa kuridhia Katiba, 1787–1788

Mkutano wa Philadelphia, ulioandika Katiba ya Marekani, ulifunga kazi tarehe 17 Septemba 1787, na Kifungu cha 7 cha Katiba mpya kikadai majimbo 9 kati ya 13 yairidhie ndipo ianze kutumika. Hotuba na makala za magazetini za miezi iliyofuata zinajulikana sana. Hesabu za kura, hofu na mapatano ya pembeni vimo katika barua. Wasomaji wengi hujikwaa palepale: humsoma James Madison, mjumbe wa Virginia, au George Washington kana kwamba alijua tunayoyajua leo, ilhali alikuwa akiandika kwa habari zilizolala, mara nyingine kwa wiki kadhaa.

Tengeneza kalenda kabla ya kufungua barua

Andika tarehe za kuridhia na matokeo ya kura, uziweke pembeni muda wote:

Delaware 7 Desemba 1787 (30–0). Pennsylvania 12 Desemba (46–23). New Jersey 18 Desemba (38–0). Georgia 2 Januari 1788 (26–0). Connecticut 9 Januari (128–40). Massachusetts 6 Februari (187–168). Maryland 28 Aprili (63–11). South Carolina 23 Mei (149–73). New Hampshire 21 Juni (57–47). Virginia 25 Juni (89–79). New York 26 Julai (30–27). North Carolina iliridhia Novemba 1789, na Rhode Island Mei 1790.

Chini yake chora safu nne: siku barua ilipoandikwa, mahali, siku ilipopokelewa, na habari mpya kuliko zote ambayo mwandishi anaonyesha kuijua. Safu ya tatu ndiyo ngumu. Ijaze kwa kutazama barua ya majibu, kwa maana watu wa wakati ule walikuwa na desturi ya kufungua barua kwa kutaja zile walizopokea na tarehe zake. Ukikuta «inst.» mwandishi anasema mwezi huuhuu, «ult.» ni mwezi uliopita. Kosa hapa linaweza kukupotezea siku thelathini nzima.

Jefferson, aliyekuwa balozi Paris, anatoa mfano mzuri. Barua yake kwa Madison ya 20 Desemba 1787, ile inayolalamika kwamba Katiba haina tamko la haki, inaanza kwa kusema kwamba barua za Madison za 18 Julai, 6 Septemba na 24 Oktoba zilimfikia zote ndani ya siku chache zilizokuwa zimetoka kupita. Kwa hiyo ukizipanga kwa tarehe za kuandikwa peke yake, utaona mazungumzo ya zamu kwa zamu ambayo hayakuwapo.

Safu ya nne nayo ina kazi kubwa. Wajumbe wa Virginia walipopiga kura Richmond siku ya Jumatano, 25 Juni 1788, hawakujua kwamba New Hampshire ilikuwa imeridhia Jumamosi iliyotangulia na kukamilisha idadi ya majimbo tisa. Washington mwenyewe, katika barua ya 28 Juni kwa Charles Cotesworth Pinckney, anaeleza kwamba mji wa Alexandria, Virginia, ulipata habari za kura ya Richmond Ijumaa jioni, na za New Hampshire usiku uleule kabla ya alfajiri. Barua yoyote ya Richmond kabla ya hapo inayosemea «jimbo la tisa» isome kwa kuzingatia hilo.

Barua isiyo na tarehe

Zipo nyingi, hasa za watu wenye haraka. Tafuta siku ya juma, kisha uipime kwa kalenda. Jibu mashuhuri la Madison kwa Alexander Hamilton, mwanasiasa wa New York aliyeitetea Katiba, limeandikwa tu kwamba ni New York, Jumapili jioni. Ndani yake Madison anasema barua ya Hamilton ya jana imemfikia dakika hiyohiyo. Hamilton alikuwa Poughkeepsie, kwenye mkutano wa jimbo la New York, akiuliza kama jimbo linaweza kuridhia huku likijiwekea haki ya kujitoa baadaye. Swali hilo linaangukia Julai. 4 Julai 1788 ilikuwa Ijumaa. Jumapili inayolingana na mjadala ni 20 Julai, hivyo barua ya Hamilton ni ya Jumamosi, 19 Julai. Madison alijibu kwamba Katiba inataka kukubaliwa yote na kwa daima. Hamilton aliisoma barua hiyo mbele ya mkutano, na siku chache baadaye kura ikapita kwa tofauti ya tatu.

Uliza nani aliibeba

Njia ya barua hueleza ukweli uliomo. Wajumbe wa Kongamano la Taifa (Kongresi, yaani bunge la wakati ule) lililokaa New York walikuwa na haki ya kutuma barua bila kulipia posta. Hii ni sababu mojawapo ya Madison kuwa kituo cha habari hadi alipoondoka kurudi Virginia mwezi Machi 1788: Rufus King, mjumbe wa mkutano wa Massachusetts, alimwandikia kutoka Boston, kisha Madison akampasha Washington kule Mount Vernon. Unapokuta Washington anajua hesabu za Massachusetts, usidhani ana mtu wake huko kabla hujaangalia barua za Madison za wiki hiyo.

Habari nzito zilipewa tarishi wa farasi. Tarehe 19 Mei 1788 Hamilton alimwomba Madison amtume tarishi mara tu Virginia itakapoamua kuikubali Katiba, abadilishe farasi njiani, na gharama zote zitalipwa. Mpango kama huo aliupanga upande wa New Hampshire pia. Habari za Concord, New Hampshire, zilifika Poughkeepsie 24 Juni, baada ya siku tatu. Za Richmond zilifika 2 Julai, baada ya siku saba. Tumia mwendo huo kama kipimo cha haraka kabisa. Posta ya kawaida ilichukua zaidi.

Wapinzani wa Katiba hawakuiamini posta. Kamati ya New York iliyoongozwa na John Lamb ilimpa Eleazer Oswald, mchapishaji wa Philadelphia, barua azipeleke Richmond kwa mkono, naye akarudi na majibu ya wapinzani wa Virginia, Patrick Henry, George Mason na William Grayson ya 9 Juni 1788. Kwa kuwa zilibebwa na mtu wao, mipango inasemwa waziwazi humo. Udhaifu wao ulikuwa kuchelewa: walianza kuwasiliana Mei, majimbo saba yakiwa yamekwisha kuridhia.

Uliza nani mwingine angeisoma

«Barua binafsi» haikuwa na maana ya barua ya siri. Washington alimwandikia Charles Carter tarehe 14 Desemba 1787, na kabla mwezi haujaisha dondoo lake likawa gazetini Fredericksburg, kisha likachapishwa tena majimboni. Washington alikasirika. Baada ya tukio hilo mtazame anavyopima maneno, tofauti inaonekana.

Jefferson yalimpata makubwa zaidi. Tarehe 7 Februari 1788 alimwandikia Alexander Donald kwamba angependa majimbo tisa yaridhie na manne yagome mpaka tamko la haki lipatikane. Juni, Patrick Henry akalitumia wazo hilo mkutanoni Richmond kama hoja ya kuikataa Katiba. Lakini tarehe 27 Mei Jefferson alikwisha kumwandikia Edward Carrington kwamba njia ya Massachusetts, yaani kuridhia kwanza na kupendekeza marekebisho, ni bora zaidi. Barua hiyo ilikuwa bado safarini. Ukimnukuu Jefferson wa 1788, taja mwezi. Mwaka pekee hautoshi.

Kinyume chake, ukitaka kuona siasa bila nguo rasmi, tafuta barua kati ya watu walioaminiana kabisa. King alimweleza Henry Knox, Waziri wa Vita, tarehe 3 Februari 1788 kwamba Gavana Hancock wa Massachusetts ameambiwa kuwa, Virginia isipoingia, yeye ndiye anayefaa kuwa rais. Siku tatu baadaye Massachusetts iliridhia, Hancock akiunga mkono. Hotuba za Boston hazina neno hilo.

Angalia pia barua zinazotuma karatasi nyingine. Tarehe 18 Novemba 1787 Madison alimpelekea Washington makala saba za kwanza za Publius (jina la siri walilolitumia Hamilton, Madison na John Jay kuitetea Katiba magazetini) zichapishwe Richmond, akidokeza tu kwamba ana uhusiano nazo. Tarehe 30 Washington akampelekea David Stuart makala hizo. Madison hakumtajia Jefferson majina ya waandishi hadi 10 Agosti 1788.

Nakala ipi unaisoma?

Tovuti ya Founders Online ya Hifadhi ya Nyaraka ya Taifa ya Marekani ni ya bure, na unaweza kuchuja kwa mwandishi, mpokeaji na tarehe. Usiishie kwenye maandishi ya juu. Soma tanbihi ya kwanza. «RC» ni nakala aliyoipokea mwandikiwa, «LB» ni ya daftari la nakala la mwandishi. Rasimu inaonyesha alichofuta, haithibitishi alichotuma. Madison na Jefferson walificha sehemu nyeti kwa namba, na matoleo ya kisasa huzichapa kwa herufi za mlazo. Barua ya Madison ya 6 Septemba 1787 inafaa kuanzia: mkutano ulikuwa bado chini ya kanuni ya siri, na mlazo unakuonyesha hasa alichoogopa kisomwe njiani.

Tovuti hiyo imejengwa juu ya karatasi za Washington, Franklin, Adams, Jefferson, Hamilton, Madison na Jay. Mason, Henry na Lamb wanaonekana pale tu walipoandikiana nao, kwa hiyo ukibaki humo utadhani upinzani haukuwa na mpango. Kwa upande wao nenda kwenye mkusanyo wa hati za uridhiaji ulioanza kutolewa Wisconsin mwaka 1976. Umepangwa kwa jimbo, na barua zimewekwa pamoja na magazeti ya siku zilezile.