Herbes de Provence za nyumbani: kuchanganya ni dakika 5, kazi iko kwenye kukausha

Juzi mpwa wangu aliyeko Arusha alinitumia ujumbe wa sauti. "Shikamoo Shangazi. Yale majani uliyonielekeza yameanza kunuka kabatini. Yananuka kama godoro lililolowa." Nikamwambia afungue chupa, atoe jani moja la rozimari, alivunje kwa kucha. Halikuvunjika. Lilipinda. Nikajua papo hapo kosa liko wapi, maana nililifanya mwenyewe mwaka wangu wa kwanza hapa Marseille, na msimu mzima ukaenda na maji. Kwa hiyo naandika hatua zote za kutengeneza herbes de Provence, yaani mchanganyiko wa majani makavu ya kupikia wa Provence, eneo hili la kusini mwa Ufaransa ambako Marseille iko, ila nawatahadharisha mapema: hatua ya pili ni ndefu kuliko nyingine zote zikijumlishwa.

Kilichomo kwanza. Jina "herbes de Provence" halina mwenyewe. Kiwanda chochote kinaweza kuliandika kwenye kichupa, ndiyo maana nyingi za dukani zina majani ambayo hayajawahi kuiona Provence. Yanatoka Ulaya ya mashariki, Moroko, hata China. Wakulima wa huku walipochoka, wakapata alama ya ubora ya Ufaransa iitwayo Label Rouge mwaka 2003, na hiyo ina kanuni yake: rozimari asilimia 26, sarriette 26, oregano 26, thaimu 19, rehani 3. Bibi wa kijijini hapimi hivyo, kila nyumba ina mkono wake, lakini kwa anayeanza hiyo ndiyo kanuni ninayoiamini.

Sarriette ndiyo wengi wetu hatuijui. Ni kijimmea kifupi cha milimani, majani membamba, ukilitafuna linawasha ulimi kidogo. Wenyeji kwa Kiprovensi huiita pèbre d'ase, yaani pilipili ya punda. Hiyo ndiyo inayoupa mchanganyiko ukali wake. Rehani nayo mtashangaa ni asilimia 3 tu. Mimi ni mtoto wa Tanga, rehani kwangu ilikuwa ya kikuba, pamoja na asumini na mkadi, siyo ya mchuzi. Ikizidi kwenye chupa, chakula kinanukia harusi.

Halafu lavenda. Mtaiona kwenye vichupa vingi, hasa vile vinavyouzwa Marekani na vile wanavyonunua watalii, kwa kuwa picha ya Provence kichwani mwa mgeni ni mashamba ya zambarau. Jikoni za huku lavenda haimo kwenye mchanganyiko huu kwa asili yake. Ni ya sabuni na manukato. Wewe ukitaka weka, chupa ni yako, ila mimi kuku wangu asinukie kabati la nguo.

Hatua ya 1: Kupata majani

Nunua mashada sokoni au panda kwenye vyungu dirishani. Rozimari na thaimu hazitaki maji mengi. Wengi huziua kwa kuzihurumia. Msiende kuchuma ovyo vilimani. Hapa Marseille vilima vya kusini viko ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Calanques, iliyoanzishwa 2012, na kuchuma mimea humo ni marufuku.

Jambo moja halisemwi sana: majani haya hayafiki pamoja. Thaimu ni tamu inapoanza kutoa maua, masika ya huku, Aprili na Mei. Oregano na sarriette ni za kiangazi zikiwa na maua. Rozimari ipo mwaka mzima. Kwa hiyo mchanganyiko haufanywi siku moja. Unakausha kila kimoja kwa wakati wake, unakiweka kwenye chupa yake, kisha Septemba unakaa mezani unachanganya.

Hatua ya 2: Kukausha

Mwaka ule wa kwanza nilifunga mashada manene kama fagio. Niliyaning'iniza jikoni, yakapendeza, majirani wakapiga picha. Baada ya wiki mbili nje yalikuwa makavu kabisa, yakiguswa yanalia. Nikapukuchua, nikachanganya, nikajaza chupa 3. Mwezi haukwisha. Nilipofungua ya kwanza nikakuta nyuzi nyeupe za ukungu zimetambaa kama utando wa buibui. Katikati ya yale mashada palikuwa na unyevu, na ule unyevu nikaufungia mwenyewe ndani ya glasi. Thaimu na oregano zilizokuwa kavu sawasawa zikaharibika kwa ajili ya rozimari ambayo haikuwa tayari.

Tangu siku hiyo nafanya hivi.

Shada lisizidi unene wa kidole gumba. Funga kwa mpira mwembamba wa kufungia noti, siyo uzi, maana vijiti vikikauka vinasinyaa na uzi unalegea, shada lote linaanguka usiku. Ning'iniza vichwa chini, kivulini, mahali penye upepo. Siyo juani. Najua kwetu kitu kikitajwa kukauka mtu anakimbilia kutandika mkeka uwanjani, lakini haya siyo dagaa. Jua linapausha rangi na kuchukua harufu, unabaki na nyasi.

Siyo juu ya jiko pia, hata kama ndiko kwenye joto. Sufuria ikichemka mvuke unapanda mle mle.

Upepo ndio unaofanya kazi. Huku kuna mistral, upepo mkavu unaoshuka kutoka kaskazini kupitia bonde la mto Rhône, baridi yake inakata masikio. Ukivuma siku 3, thaimu yangu inakauka bila mimi kunyanyua mkono. Ukigeuka ukatoka baharini, hakuna kinachokauka. Kipimo changu ni kamba ya nguo: kama kitambaa chepesi ulichoanika asubuhi jioni bado kibichi, majani usiyaanike siku hiyo. Wa pwani, Tanga, Mombasa, Unguja, wakati wa masika msihangaike kabisa na kuning'iniza. Mpwa wangu naye aliyaning'iniza Aprili, mvua zikinyesha. Tumieni oveni.

Oveni ina masharti yake. Nyuzi joto 40, zisizidi. Oveni nyingi zinaanzia 50. Basi weka 50, washa feni yake, na uache mlango wazi kidogo kwa kuubania mwiko wa mbao. Mlango lazima uwe wazi, la sivyo maji yanayotoka kwenye majani yanabaki humo humo na unayapika kwa mvuke. Tandaza safu moja, geuza kila nusu saa. Na ukiona nyumba nzima inanukia vizuri, usifurahi: hiyo harufu ndiyo uliyokuwa unaitaka ibaki kwenye jani, sasa inatoka dirishani. Punguza moto. Oveni ya gesi sikushauri, moto wake wa chini kabisa bado ni mkali. Maikrowevu usinitajie.

Kila jani na muda wake. Thaimu na sarriette zikining'inizwa kwenye hewa kavu, siku 4 au 5. Oregano karibu wiki. Rozimari ndiyo mjanja: jani lake ni nene, lina ngozi ngumu na mafuta, nje linakuwa kavu siku nyingi kabla ya ndani. Mpe siku 10, kisha mwongeze 2 za kumshuku. Rehani usiining'inize hata kidogo, ina maji mengi mno, itakuwa nyeusi kabla haijakauka. Chambua majani, yatandaze bila kupandana, weka oveni siku hiyo hiyo uliyochuma. Gramu 100 za majani mabichi ya rehani zinanibakishia kama 8 au 9 tu, kwa hiyo usishangae ukidhani umeibiwa.

Kuosha? Kama yana vumbi, suuza haraka, kung'uta, tandaza juu ya taulo mpaka maji ya juu yaishe ndipo ufunge. Kama ni ya dirishani kwako, mimi siyaoshi.

Sasa kujua kama yamekauka. Kugusa hakutoshi, kugusa ndiko kulikonidanganya. Vipimo ni viwili. Cha kwanza, vunja kijiti: kikilia "ka!" sawa, kikipinda rudisha. Rozimari vunja na jani lenyewe. Cha pili ndicho nisichokiruka hata nikiwa na haraka ya namna gani: weka majani ndani ya chupa kavu ya glasi, jaza nusu tu, funga kifuniko, iache mezani siku 3. Kila asubuhi itazame. Ukiona ukungu wa mvuke kwenye glasi, au tone chini ya kifuniko, au majani yaliyokuwa yanalia sasa yamenyamaza, bado. Yatoe, yarudishe oveni saa moja, anza kuhesabu siku 3 upya. Kila aina na chupa yake. Ukizichanganya kabla ya kipimo hiki, aliye mbichi anawaambukiza wenzake na hutajua ni nani.

Hatua ya 3: Kupukuchua

Shika kijiti kwa juu, teremsha vidole kuelekea shina, majani yanadondoka. Oregano ifikiche kwa viganja. Halafu chukua ungo upepete. Ungo wangu nilipewa na jirani yangu Mngazija, maana Wangazija ni wengi hapa Marseille, na hakuna chekecheke ya dukani inayoufikia. Vijiti vya thaimu vinajificha, na kijiti kimoja kooni kinamharibia mgeni chakula kizima.

Rozimari ivunje vipande vidogo kwa mkono au uikate kwa kisu. Usisage. Mashine inageuza kila kitu kuwa vumbi la kijani, na vumbi linapoteza harufu upesi.

Hatua ya 4: Kupima

Kwa mizani, siyo kijiko. Kijiko cha rozimari na kijiko cha oregano havina uzito mmoja hata kidogo. Kwa chupa ya nyumbani ya gramu 50: rozimari 13, sarriette 13, oregano 13, thaimu 9.5, rehani 1.5. Inafaa mizani ndogo inayosoma nusu gramu.

Ukikosa sarriette, na Afrika Mashariki utaikosa, fanya kwa kila gramu 100: oregano 36, thaimu 35, rozimari 26, rehani 3. Ule ukali uupate kwa kubanja punje chache za pilipili manga wakati wa kupika, siyo ndani ya chupa. Ni tamu. Usiiite tu herbes de Provence mbele ya bibi wa huku.

Hatua ya 5: Kuchanganya na kutunza

Bakuli kubwa, mkono mkavu, geuza. Chupa ya glasi, kabati lenye giza, mbali na jiko. Andika tarehe. Inakaa mwaka mmoja vizuri.

Kupika nayo: ni majani makavu, yanataka mafuta na muda. Kuku mmoja, vijiko 2 vya chai, uyaloweke kwanza kwenye mafuta ya zeituni kisha umpake saa moja kabla. Ukiyanyunyiza makavu juu ya nyama ya mkaa yanaungua na kuwa machungu. Kwenye kachumbari usiweke, utakuwa unatafuna sindano.

Mpwa wangu aliniuliza kama ile chupa yake anaweza kuiokoa kwa kuirudisha oveni. Hapana. Unyevu ungekuwa unyevu tu, sawa. Lakini ukishasikia uvundo, ukungu umeshaingia hata kama macho hayauoni. "Yote, Shangazi?" Yote. Chupa aichemshe, aianike kinywa chini mpaka kesho. Kifuniko, kama kina kadibodi ndani, nacho akitupe.