Jinsi ya kuomba kesi ya kikatiba ifungwe ikishapitwa na matukio (Kenya)

Umekwenda Mahakama Kuu kuzuia mswada usiwe sheria, na kabla kesi haijasikizwa mswada wenyewe umekwama. Mswada wa Fedha wa 2024 uliishia hivyo: Rais alikataa kuutia saini Juni 26, na haukuwa sheria. Sasa mahakama izuie nini? Hata hivyo faili haijifungi. Ukinyamaza, upande wa pili ndio utakaoomba kesi itupiliwe mbali, tena ulipe gharama.

Anza kwa kusoma upya maombi yaliyo ndani ya kesi yako, yaani yale unayotaka mahakama ikupe, moja baada ya jingine. Ombi la zuio huenda limekufa, ilhali ombi la fidia chini ya Kifungu cha 23(3)(e) cha Katiba lingali hai kwa sababu hasara ilishatokea. Sheria iliyofutwa ikarudi kwa jina jipya nayo haijamaliza ugomvi. Ondoa yaliyokufa, bakiza yaliyo hai.

Kisha wasiliana na mawakili wa upande wa pili. Wakikubali, andikeni barua ya maafikiano, itiwe sahihi na pande zote, wakiwemo walioungana na kesi baadaye (hao ndio husahaulika), jaji aiidhinishe iwe amri.

Wakikataa, tumia Kanuni ya 27, inayohusu kuondoa kesi, katika Kanuni za 2013 za utaratibu wa kesi za haki za kikatiba, zile ambazo mawakili huziita Kanuni za Mutunga. Andika ombi la kuondoa kesi kwa Fomu D iliyo kwenye kanuni hizo, uambatanishe hati ya kiapo inayotaja tukio, tarehe yake, na ni lipi kati ya maombi ya kesi limekosa kazi. Ushahidi uwe wa karatasi: nakala ya Gazeti Rasmi la Serikali, au barua ya kufuta uamuzi uliokuwa ukipingwa. Kipande cha gazeti la kawaida ni dhaifu. Kila kielelezo kiwe na herufi yake na muhuri wa kamishna wa viapo, na kiapo kionyeshe mahali na tarehe kilipoapwa. Kosa la kila siku ni kubandika kielelezo baada ya kuapa. Hicho hakina muhuri, na mpinzani ataomba kiondolewe.

Usisahau mstari huu: “kila upande ujigharimie.” Kanuni ya 26 inamwachia jaji suala la gharama, kwa hiyo mpe sababu. Eleza kwamba kesi ilihusu maslahi ya umma na kwamba ulichukua hatua mara tu mambo yalipobadilika. Aliyekaa mwaka mzima huku mawakili wakiitwa kortini hana utetezi huo.

Wasilisha kwa mtandao, lipa ada, wakabidhi wahusika wote nakala, kisha uweke kiapo cha kuthibitisha kwamba umewakabidhi. Siku kesi itakapotajwa mbele ya jaji nenda umejiandaa kujibu hoja, maana Kanuni ya 27 inamruhusu jaji kuendelea na kesi hata usipoitaka, mradi aandike sababu.

Akikubali, chukua nakala ya amri yenye muhuri. Zuio la muda ulilokuwa nalo huisha pamoja na kesi.